Isale Nililolipanda Mlangoni

Ndeshi binti yangu,

Salamu tutapeana asubuhi ukiniamkia kwa mdomo, kwa hiyo hapa naziruka. Naruka pia habari za kuchemsha maji, za kuchagua marafiki na za kutomwazima mtu sufuria. Hayo mama yako amekuhubiria tangu juzi, na ukuta wetu ni mwembamba, nimeyasikia yote, hata yale ya wanaume. Sina la kuongeza. Mimi niliishia darasa la nne, na nusu ya hilo la nne nilikuwa nachunga mbuzi wa mwalimu, kwa hiyo usitegemee barua yenye mpangilio. Nitaandika ninavyoongea, na ninavyoongea unajua: naanza na ng'ombe, namalizia na padri.

Nimekasirika. Nianze hapo. Jana ulisimama uani ukasema, "Baba, nitashuka peke yangu mpaka stendi. Sitaki kuwagombanisha." Ulisema taratibu, kama nesi anayemwambia mgonjwa kwamba sindano haiumi. Chuo chenyewe cha uuguzi hujakifika, tayari umeshaanza kutudanganya kwa huruma! Mtoto wa mwisho anakwenda Mbeya, mwisho mwingine kabisa wa nchi, na hana wa kumsindikiza kwa sababu baba na mama hawawezi kupanda gari moja. Watu wa Kirua watasema nini? Wameshasema. Kirua hawangoji jambo litokee.

Najua wazo hilo ulilitoa wapi. Ulilitoa mahakamani, kwenye lile benchi la nje. Wewe unaijua kesi yetu kwa upande wa benchi. Mimi nitakueleza ya upande wa ndani, maana kaka zako waliokaa Dar hawakutaka kusikia, na mama yako atakueleza kwa namna inayomfaa yeye. Mimi pia nitaeleza kwa namna inayonifaa mimi, lakini angalau nakuonya mapema.

Ulipokuwa mdogo, mwenye nyumba hapa alikuwa kahawa. Mimi nilikuwa msaidizi wake. Kahawa ndiyo iliwavalisha kaka zako viatu, kahawa ndiyo ilinipa heshima kilabuni. Kwetu huku kahawa ni ya mwanamume na ndizi ni za mwanamke, hivyo ndivyo nilivyoikuta dunia. Halafu wakubwa wakaruhusu kila mtu auze kila kitu, na bei ya kahawa ikaanguka kama mlevi kwenye mfongo wa maji ya shamba, miguu juu. Wanaume tukakaa kilabuni tukaingoja isimame. Mama yako hakungoja. Akajifunga kanga mbili, akashuka soko la Kiboriloni, akafungua robota la mitumba.

Mwaka wa kwanza nilimcheka. Mwaka wa pili nilivaa. Mwaka wa tatu ukuta wa tofali ukaanza kupanda katikati ya migomba yangu, kisha bati jipya, linang'aa mpaka ndege wanababaika. Mchango wangu katika nyumba hiyo ulikuwa kihamba, shamba nililoachiwa na babu yangu, na maneno. Maneno nilitoa mengi. Niliwasimamia mafundi mpaka wakaomba nisimamie kazi nyingine.

Basi siku moja Kalisti, yule mwenzangu wa kilabuni mwenye jino moja la mbele na ulimi wa meno thelathini, akaniuliza mbele ya watu, "Anselmi, nyumba ya mkeo imeshaisha?"

Nyumba ya mkeo! Wakacheka. Mimi pia nilicheka, na kibuyu cha mbege kikageuka siki mkononi.

Yaliyofuata unayakumbuka kuliko mimi. Ilikuwa jioni, mvua ya masika. Nilirudi, nikaingia, nikasukuma komeo. Mama yako akafika na mzigo kichwani. "Baba Ndeshi, fungua, nimeloa." Ukainuka. Nikakuambia, "Kaa." Ukakaa. Akagonga tena. "Ndeshi mwanangu, umo humo?" Ukanitazama, na hukujibu, kwa sababu mimi nilikuwa nimeshakutazama kwanza. Akaondoka na mvua yake kwenda kwa kaka yake, mjomba wako Prosper.

Siliandiki hili ili unisamehe. Msamaha wa mtoto unapatikana kwa urahisi mno, mimi nautilia mashaka. Naliandika kwa sababu mahakamani lilisemwa kwa maneno mengine kabisa: "Alimzuia mwenzake kuingia katika makazi ya ndoa." Ukilisikia hivyo unadhani ni kosa la watu fulani wa Tabora. Kwa muda mrefu nilijificha ndani ya Kiswahili hicho, na kilikuwa kikavu, hakivuji.

Padri alikuja, akanywa chai, akasema tusameheane, akaondoka na kuku. Baraza la usuluhishi likakaa, likatusikiliza, likashindwa, maana mimi niliwaambia sijakosa na mama yako aliwaambia hajachoka. Wakampa mama yako barua ya kwenda mahakamani. Mahakama ya mwanzo ikatutenganisha kindoa, ikasema na nyumba igawanywe nusu kwa nusu.

Nilikata rufaa hasira ikiwa bado ya moto. Hasira ikipoa haikati kitu. Nikapata wakili Moshi mjini, kijana wa suti, akalisikiliza shauri langu akasema, "Mzee, kihamba ni ardhi ya ukoo. Hapo tuna hoja nzito." Hoja nzito! Nilipanda mlima na neno hilo kama mtu aliyebeba paja la ng'ombe. Nilimwonjesha kila niliyekutana naye.

Kule mjini wakanipa na jina jipya. Mimi ni mrufani. Mama yako ni mjibu rufaa. Hakuna cheo kilichowahi kumkaa mtu vizuri kama hicho, maana tangu nimwoe hakuna neno nililosema ambalo mama yako hakulijibu.

Tukashuka, tukapanda. Leo faili halionekani. Leo hakimu yuko semina. Leo wakili wa upande wa pili amefiwa. Mara nyingine alifiwa wangu, nadhani waliazimana misiba. Kila tulipoahirishwa nilirudi nyumbani nimepungua kidogo, si mwili, kitu kingine. Shamba likaota magugu. Kahawa ikashikwa na ugonjwa wa majani nikaitazama tu, kwa sababu akilini mwangu nilikuwa napalilia hoja nzito.

Sasa nifike kwenye isale. Huko Mbeya watakuuliza Wachaga mna nini, na wengi watadhani ni ndizi na biashara tu. Waambie tuna jani. Isale letu, lile refu la kijani linaloota hata ukilichomeka kwa mguu. Waambie ukimkosea mtu sana unampelekea isale, na akiletewa isale hana ruhusa ya kukataa msamaha, hata kama ulimuulia ng'ombe. Kisha waambie pia kwamba isale hilohilo ndilo tunalolipanda mpakani, na jirani akiling'oa tunaonana naye wabaya. Jani moja, kazi mbili. Wazee wetu walikuwa wabahili hata wa majani.

Siku moja tumeahirishwa tena, nimepitia kilabuni, mbege ikanishauri. Nikasema, mahakama inataka nusu? Nitamwonyesha nusu inavyofanana. Wakati huo mama yako alikuwa amesharudi nyumbani kwa amri ya mahakama, analala vyumba vya mbele, mimi vya nyuma, na wewe katikati kama shilingi iliyoangukia kwenye ufa. Nikaenda mpaka wa chini wa kihamba, nikakata masale mkono mzima. Nikayapanda kwa mstari, kuanzia ukingo wa kahawa, kukatiza uani, mpaka kwenye nyumba. Nilikuwa nimelewa lakini mstari ulinyooka, mtu yeyote aliyeuona atakwambia. La mwisho likabaki mkononi na uwanja umekwisha. Nikalichomeka pembeni ya kizingiti cha mlango wa mbele, nikaenda kulala nimetosheka kama mfalme.

Mama yako akarudi kutoka Kiboriloni. Nilimsikia akisimama. Niliingoja kelele. Haikuja. Badala yake nikasikia kitu cha kutisha zaidi: mama yako anacheka, peke yake, polepole.

Kwa nini alicheka nilikuja kujua tulipoitwa kwa hakimu.

Hakimu alikuwa msichana, mtu wa kusini, umri wa kaka yako mkubwa. Alituita ofisini kwake, sisi wawili na mawakili, na karani wake, mama mmoja wa makamo wa Marangu ambaye siku zote hizo sikuwahi kuisikia sauti yake. Nilipoingia hakimu akasema, "Shikamoo, mzee." Nikafurahi. Nikajua nimeshinda. Mtu hawezi kukuamkia halafu akakunyang'anya nyumba. Kumbe anaweza, na bado akawa na adabu.

Kabla wakili wangu hajafungua mdomo, mama yako akasimama. "Mheshimiwa, mimi naona kesi imekwisha. Mume wangu ameshaniomba msamaha." Akaingiza mkono ndani ya kanga, akatoa jani la isale, akaliweka juu ya meza ya serikali.

Niliruka. "Uongo! Lile ni la mpaka!"

Hakimu akalitazama lile jani kama mtu aliyewekewa mdudu. "Hiki ni nini?"

"Ni isale, Mheshimiwa," karani akasema. "Huku kwetu ukimkosea mtu unampelekea, naye hawezi kulikataa."

"Na huo mpaka anaousema mzee?"

"Mpakani tunapanda hilohilo."

"Sasa hili hapa ni la nini?"

Karani akanitazama, macho makavu, shangazi mtupu. "Inategemea aliyelichomeka alilichomeka wapi, Mheshimiwa."

"Mlangoni kwangu," mama yako akasema. "Pembeni ya kizingiti. Niambieni, nani anaweka mpaka wa shamba kwenye kizingiti cha mke wake?"

Hakimu akaweka kalamu chini. Nakuandikia maneno yake kama ninavyoyakumbuka, maana nimeyatafuna mno. "Mzee, wewe uko hapa kupinga nyumba isigawanywe. Kama ulipanda mpaka, basi umeshaigawa kwa mkono wako, na sijui unanilalamikia nini. Kama uliomba msamaha, tokeni nje mkaongee, mniletee makubaliano niyaandike, rufaa iishe. Kama si hili wala lile, itabidi ushahidi wa nani alijenga uchukuliwe upya, na yule binti aliyekaa pale nje ataitwa aseme alichokiona. Chagua."

Nikamtazama wakili wangu. Alikuwa anahesabu mbao za dari.

Ndeshi, mlango ulikuwa wazi. Nilikuona. Siku hiyo ulikuwa umeshuka na ndizi kwenye hotipoti moja kwa sababu ulisema hotipoti mbili ni mzigo. Asubuhi tulikaa, mimi ncha ile ya benchi, mama yako ncha hii, wewe katikati, ukampakulia huyu, ukampakulia huyu, kwa mwiko uleule. Sasa tulikuwa ndani na wewe uko peke yako na hotipoti mapajani, unamenya ngozi ya kidole gumba kama mtu anayemenya ndizi mchare. Damu ilikuwa imeshatoka na hukuiona.

Ungesema nini, ukiitwa? Nilijua. Ungesema, "Sijui." Ungeapa kwa Biblia halafu ungesema hujui nani alijenga nyumba uliyobebea maji ya zege. Na mawakili wawili wangekupokezana mpaka ujue.

Nikasema, "Ni la msamaha."

"Hajasikika, Mheshimiwa," mjibu rufaa akasema.

Nikarudia kwa sauti. Karani akaandika. Nilitaka kumrukia mama yako kwa hasira, na wakati huohuo, Mungu ananiona, nilitaka kucheka, maana alikuwa amenipiga ngwala kwa jani langu mwenyewe. Sijawahi kumwambia hilo. Usimwambie.

Tukakaa kwenye benchi kuongea. Wewe ukaondoka na hotipoti ukasema unakwenda kuiosha, ukaiosha muda wa kuosha vyombo vya harusi. Mjomba wako Prosper akaja kutusimamia. Nilianza kwa kusimama, nimevaa lile koti la kijivu, nikanyoosha kidole. Mama yako akasema, "Keti kwanza, na hilo koti litaje kwenye mgawanyo, maana lilitoka kwenye robota langu." Nikaketi. Ni vigumu sana kugombana na mitumba ukiwa umeivaa.

Hatukumaliza siku hiyo. Tulirudi kuongea nyumbani, majuma kadhaa, Prosper akiamua kama refa, na kila jioni nilikwenda kulala nimeapa kwamba kesho narudi kwa wakili. Nilidai kahawa. Nilijiandaa kupigana mpaka mwisho kwa ajili ya kahawa. Mama yako akasema, "Chukua yote." Hivyo tu! Hakubishana hata kwa adabu. Nilipokwenda kuitazama ile kahawa yangu, imekauka ncha, imejaa kutu, ndipo nikaona nimepewa kila nilichodai na nilichodai kilikuwa kuni.

Nyumba tukakubaliana ibaki moja, yeye mbele, mimi nyuma, na asiweze kuiuza mmoja bila mwenzake. Ndizi zake, ng'ombe wa wote, majani ya ng'ombe mimi, maziwa yeye anauza tunagawana. Kihamba kikabaki cha ukoo, hapo alikubali kabla sijamaliza kusema. Yeye alidai kitu kimoja tu. Prosper alikiandika kwa mkono wake: hakuna upande utakaomfungia mwingine mlango, mvua iwe inanyesha au isinyeshe.

"Mvua ya nini kwenye makubaliano?" nikamuuliza. "Hakimu atatucheka."

"Andika mvua," mama yako akamwambia Prosper, na hakunitazama.

Hakimu hakucheka. Alisoma yote kwa sauti, akatuuliza kila mmoja kama amelazimishwa. Mama yako akasema hapana. Mimi nikasema sana, lakini nakubali. Tukatia saini. Akaandika rufaa imeondolewa, shauri limemalizika kwa maelewano ya pande zote mbili. Basi. Nilikaa pale nikisubiri kilichobaki. Karani akaniambia, "Mzee, imekwisha, unaweza kwenda." Kwenda wapi? Nilikuwa sijaambiwa kama nilikuwa sahihi!

Hapo ndipo panaponiwasha mpaka leo, na ndipo nilipotaka kufika tangu mwanzo, ila si unajua ninavyozunguka. Nilipopanda kilabuni Kalisti akaniuliza, "Enhe, umeshinda?"

"Tumeelewana."

"Ahaa. Umeshindwa."

"Nimesema tumeelewana."

"Nimekusikia. Umeshindwa kwa adabu." Akanijazia kibuyu, kwa pole, kama mfiwa.

Kila anayeniambia suluhu ni tamu namuuliza aliionjea wapi. Suluhu ni chungu. Utamu uko kwenye hukumu, unaingia umevimba, unatoka umethibitishwa, ingawa utamu huo ni wa mmoja na haukai, kwa sababu mwenzako naye anapanda ngazi ya juu kwenda kutafuta wa kwake. Hoja yangu nzito haikupimwa na mtu. Iko ndani ya faili, nzito vilevile, panya wanaitafuna. Inawezekana ningeshinda. Wakili alisema ningeshinda. Na inawezekana ningeshinda halafu nikatoka nje nikakukuta umemaliza vidole.

Nilichojifunza, kama ni kujifunza, ni kidogo na kinaudhi. Nilidhani nagombea nyumba. Sikuwa nagombea nyumba. Nilikuwa namtaka mtu mwenye joho au muhuri aje amwambie Kalisti kwamba hii si nyumba ya mkeo. Hakuna mahakama yenye uwezo huo. Ukiona siku moja unagombana na mtu, huko wodini, au na huyo kijana ambaye mama yako alikuonya habari zake kupitia ukutani, jiulize unataka kile kitu au unataka kuambiwa una haki. Kama unataka kitu, kitu kinagawanyika. Haki yako haigawanyiki, na ukiishikilia sana inakuwa kama ile kahawa. Nimeishia hapo, sitaki kuonekana padri, kuku mwenyewe sina.

Tunavyoishi sasa unaona. Hatujarudiana, usipeleke uvumi Mbeya. Mama yako anaweka bakuli la mtori dirishani kwangu na kusema, "Hiki kimebaki," wakati naijua sufuria yake, haijawahi kubakiza. Mimi namrekebishia bati na kusema nilikuwa napita. Napita juu ya paa, ndiyo, mtu mzima wa miaka yangu. Lakini barabarani hatutembei pamoja, kanisani kila mtu na benchi lake, na wewe umeyaona hayo ukahesabu ukasema, nitashuka peke yangu.

Nilikuwa nimepanga kuandika mpaka hapa, nikunje, nikutilie kwenye sanduku, ili ujue nina hasira na wewe kwa kutuhurumia. Lakini mjibu rufaa akagonga ukuta.

"Baba Ndeshi, unaandika nini tangu jioni? Kesi nyingine?"

"Namwandikia mtoto."

"Unamwambia nini?"

"Kwamba hawezi kuondoka peke yake kama yatima."

"Mimi nilimwambia hivyohivyo. Akasema tukienda wote tutagombana njiani."

"Si kweli."

"Ni kweli," akasema, na kwa mara ya kwanza tangu nimwoe hatukuwa na la kubishania.

Nikaenda mbele. Mlango haukuwa na komeo. Tukakaa, yeye kitandani, mimi juu ya robota, na tukajadiliana, Ndeshi, kuliko tulivyojadiliana nyumba. Pikapu ya Prosper ina kiti kimoja mbele pembeni ya dereva. Nikasema akae yeye. Akasema nikae mimi kwa sababu ya mgongo. Nikasema mgongo wangu si wa kujadiliwa. Tukamalizana kwamba utakaa wewe, na sisi wawili tutakaa nyuma na sanduku lako na mkungu wa ndizi, tukishikilia pembe tofauti. Prosper amekatazwa kugeuka nyuma kututazama.

Ikabaki stendi. Basi likiwashwa, nani akuage mwisho? Mkono wa mwisho mtu anakwenda nao mbali, hilo tunalijua wote. Mimi nilitaka uwe wangu. Yeye alitaka uwe wake. Tulivutana hapo muda, sauti zikaanza kupanda, nikaogopa utaamka. Mwishoni mama yako akachoka. "Basi tumwache mwenyewe achague."

Nikasema hapana.

"Kwa nini hapana? Ni mtu mzima."

"Hapana. Huyu hachagui tena kati yetu. Mwisho uchukue wewe."

Sikumpa nafasi ya kujibu, nikainuka, nikarudi chumbani kwangu kumalizia barua. Na nimekasirika sana, ujue, maana nilikuwa na hoja.

Kwa hiyo kesho mimi nitakuaga wa kwanza. Nitakupa mkono haraka, nitasema neno la kipuuzi, nitageuka. Usidhani nimeudhika. Mpe mama yako uso wako wote, usinitafute kwa macho juu ya bega lake. Nitakuwa nyuma ya pikapu, nayatukana matairi ya mjomba wako.

Ni mimi baba yako mzazi,
Anselmi